Jamani, Msile Bata

Wanangu wa klabu ya ndege, barua yenu nimeipata. Mmeniomba niandike kidogo kuhusu kazi ya kulinda bata wa ziwani, isomwe siku yenu ya kwenda kutazama ndege. Nimekubali kwa moyo mmoja. Halafu mjukuu wangu akanionyesha kwenye simu tangazo mlilolibandika, na juu kabisa nikakuta mmeandika kwa herufi kubwa: TWENDE TUKALE BATA ZIWANI. Niliweka kikombe cha chai chini. Mjukuu akadhani sijaelewa, akaanza kunifafanulia kwamba, babu, kula bata siku hizi maana yake ni kustarehe. Nikamwambia asihangaike. Arusha nzima hakuna mtu aliyefundishwa maana ya neno hilo kwa gharama kama yangu.

Wazee wenu wanaijua habari hii, na wengine bado wanayo video. Kwa hiyo siwapi siri. Nawapa tu ile sehemu ambayo video haikuchukua.

Nianze na kazi yenyewe, maana ndiyo mliyoiomba. Ziwa nililolilinda liko chini ya Tengeru, na jina lake sitalitaja kwa sababu limeshachekwa vya kutosha. Upande mmoja kuna matete na mafunjo, na ndani yake kuna kidimbwi kilichojificha ambacho mtu akipita barabarani hakioni. Hapo ndipo walipokuwa wakija bata wa mluzi, wale wadogo wenye uso mweupe, ambao hawalii kwakwa kama bata wa nyumbani. Wanapiga mluzi, na wakipita juu kundi zima unaweza kudhani watoto wa shule wametoka mapumziko.

Aliyenifundisha kazi ni mkuu wangu, Mama Aikande, Mchaga wa Machame, mama mfupi aliyevaa gambuti mwaka mzima, hata kanisani watu waliziona chini ya kitenge. Siku yangu ya kwanza nilizama matopeni mpaka magotini, nikavuta mguu kwa nguvu zote, mguu ukatoka na gambuti ikabaki. Nikasimama kwa mguu mmoja na soksi yenye tundu, na yeye akanitazama kama mtu anayetazama mbuzi aliyenunua bila kumkagua. Akanifundisha kwamba ukinaswa usivute. Zungusha kisigino kwanza, tope litaachia lenyewe. Na ukitembea kinamasini kanyaga kwenye mashina ya mafunjo, penye mizizi, usikanyage panapong'aa.

Akanifundisha pia habari ya vyura. Ukiingia kwenye matete, vyura wote wananyamaza. Wewe simama. Usikohoe, usikune sikio. Vyura wakianza tena kulia, ujue ziwa limekusahau, na ndege nao watatoka mafichoni. Leo mna vile vidude vya kuruka vyenye kamera, na ninavisifu, vinaona pale ambapo jicho langu halikufika. Lakini havijui kusimama vikasahaulika.

Tena kuna jambo mnatakiwa kulijua kuliko mengine yote. Kila mwaka, baada ya kulea vifaranga, bata hawa hupukutisha manyoya ya mbawa zote kwa pamoja. Mpaka manyoya mapya yaote hawawezi kuruka. Wanajibanza kwenye kidimbwi kile kimya kimya, na mtu mwenye nia mbaya anaweza kuwaokota kwa mkono kama maembe. Majuma hayo sisi walinzi tulikuwa hatulali vizuri. Bata wa msimu mwingine anajilinda mwenyewe. Bata wa msimu huo anakutegemea wewe.

Sasa, juu ya Kiswahili. Mimi ni Mmeru. Kimeru nilinyonya, Kiswahili nilipewa shuleni na kanisani, kwa hiyo ninacho kile cha kitabu na cha mahubiri. Mama Aikande alikuwa akisema hapa kwetu kila mtu anatumia Kiswahili cha kuazima, Mmeru chake, Mwaarusha chake, Mchaga chake, na vijana nao wameazima cha Dar es Salaam. "Kwa hiyo Baba Upendo," aliniambia, "ukisikia neno, uliza. Halafu uliza tena." Niliitikia ndiyo mama, kama tunavyoitikia mambo tunayodhani tunayajua.

Basi, katika msimu huo wa manyoya, nilikwenda Kaloleni kuchukua gambuti yangu kwa fundi viatu. Nikiwa nimekaa kwenye benchi lake, kikundi cha vijana kilisimama karibu kikipanga mambo. Nikamsikia mmoja akisema Jumamosi wanashuka Tengeru, ziwani, kula bata. Mwingine akasema safari hii watakula bata mpaka wachoke. Wa tatu, msichana, akasema mama yake naye amekubali kuja, na atabeba sufuria kubwa.

Damu ilinichemka. Hata mama mzazi yumo! Sikumuuliza fundi, sikuwauliza wao. Nilirudi na gambuti moja mkononi na nyingine mguuni, nikakusanya askari wetu wawili na mgambo wa kijiji. Mama Aikande alikuwa safarini Moshi, nami nikaona vizuri, akirudi atakuta kazi imekwisha.

Jumamosi tulijilaza kwenye matete tangu asubuhi. Ikaja gari aina ya Noah, wakashuka vijana, spika, mkaa, masufuria, na mama mmoja mtu mzima aliyevaa kitenge kipya. Tukawaacha wakawasha moto. Harufu ya nyama ilipotufikia nikatoa ishara, tukawazunguka. Nikaamuru wote wakae chini, na pale chini palikuwa pamelowa. Yule mama alisita kidogo, akatazama kitenge chake, akakaa. Nakumbuka alivyoweka mkono kwanza matopeni ili ajishushe polepole, kwa sababu ya magoti.

Nikauliza bata wako wapi. Msichana akanijibu kwa adabu.

"Shikamoo mzee. Bata ndiyo hii tunayokula."

Nikasema sawa, umekiri mwenyewe. Nikafunua sufuria, nikakuta pilau. Nikachomoa paja, nikalinyanyua juu kama kielelezo cha mahakamani, na kwa sauti ya kikazi nikamwambia mgambo alishike vizuri. Mgambo akalitazama, akanitazama, akaninong'oneza, "Mzee, huyu ni kuku wa kisasa." Hapo ndipo vijana walipoelewa nimekuja kutafuta nini, na kicheko kilichotoka pale kiliamsha kila ndege wa ziwa lile aliyekuwa na mbawa.

Msichana yule aliitwa Neema. Alikuwa amemaliza chuo cha mifugo, na hiyo ilikuwa sherehe yake ndogo, yeye na rafiki zake na mama yake mjane, familia ya Kichaga inayouza nafaka pale Kaloleni. Hakucheka. Alikuwa anamsaidia mama yake kuinuka, na kitenge kile kipya nyuma kilikuwa cheusi kwa tope. Mama alikunja ile sehemu iliyochafuka ikaingia ndani, akaenda kukaa kwenye gari, na pilau hakuila.

Video ilifika mjini kabla yangu. Wanangu, nyinyi mmezaliwa mkakuta simu, hamjui mtu mzima anavyojisikia akiwa anachekwa na watu ambao hajawahi kuwaona. Awali waliniita Bwana Bata kwa heshima, kama unavyosema Bwana Afya au Bwana Shamba. Sasa nikipita soko la Tengeru sauti inatoka nyuma ya matenga ya nyanya: "Bwana Bata, umekula?" Mke wangu akaitwa Mama Bata na wauza ndizi. Kanisani mzee mmoja alitangaza chakula cha harambee, akaongeza kwamba ni kuku, tumehakikisha. Waumini wakacheka mpaka mchungaji akainamisha kichwa kwenye kitabu. Nilianza kusali ibada ya kwanza, ile ya alfajiri, ambayo watu bado wana usingizi.

Mama Aikande aliporudi aliniita ofisini. Nilitegemea anifukuze. Akaniambia maneno mawili tu ya maana. Kwanza, "Ulikosea kutouliza. Hukukosea kwenda." Pili, akanieleza kwamba kwa Wachaga mtu akimkosea mwenzake hukata jani la isale, lile la kijani refu tunalolipanda kwenye mipaka ya vihamba, yale mashamba ya nyumbani, analibeba mkononi, anakwenda nalo kwa aliyemkosea. Aliyekosewa akiliona, hawezi kukataa kusikiliza. Akaniagiza nikate isale, nimpelekee mama yake Neema.

Isale nilikata siku hiyohiyo. Nikafika nalo mpaka stendi. Halafu nikajiona ninavyokatiza Kaloleni, mimi, mtu wa kwenye video, nimeshika jani kama naenda Jumapili ya Mitende, na wale vijana wa kijiweni wametoa simu zao. Nikaliacha kwenye ukuta wa stendi, nikarudi nyumbani. Nilimwambia Mama Aikande sikuwakuta.

Mwaka ukageuka, msimu wa manyoya ukarudi, nami nilikuwa nimebadilika. Mlinzi aliyechekwa ni mlinzi mbovu, hilo ndilo somo langu kubwa na sijaliona likiandikwa popote. Wahenga walisema aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka. Mimi nilikuwa nashtuka kila nikisikia neno bata. Mtu akinipa taarifa ya kweli namtazama kwanza mkononi, ameshika simu ya kunirekodi? Na kwenye lango la ziwa bado kulikuwa na kibao nilichokiandika mwenyewe zamani: Ukiona au kusikia lolote, piga namba hii. Namba ilikuwa yangu.

Jioni moja nilikuwa kwenye kikao cha harusi ya jirani. Mwenyekiti alikuwa ameshanitania mara moja, kwamba kamati ya chakula nisiwekwe mimi, na watu walikuwa bado wanajifuta machozi ya kicheko. Simu yangu ikalia. Nikapokea palepale, watu wote wananitazama.

"Mzee shikamoo. Ni Neema, yule wa pilau. Niko hapa dukani, mzee, kuna vijana wametoka hapa sasa hivi, wanasema kesho wanashuka kwako ziwani kula bata."

Niliona nyuso za kamati nzima zimenigeukia. Nikaona kabisa video ya pili. Nikatabasamu ili waone kwamba safari hii siingii mtegoni, nikasema kwa sauti ya kutosha wote wasikie:

"Waambie wale salama."

Nikakata. Kikao kikapiga makofi. Simu ikalia tena, namba ileile, nikaizima. Mwenyekiti akanipiga begani akasema kumbe Bwana Bata amekomaa, nami nikajisikia vizuri. Hiyo ndiyo aibu yangu yenyewe, kwamba nilijisikia vizuri. Usiku ule nililala usingizi mzuri kuliko siku nyingi zilizotangulia.

Duka alilofanyia kazi Neema lilikuwa la pembejeo na dawa za mifugo, kule Sombetini. Vijana wale waliingia kutafuta dawa kali ya kuulia wadudu, wakauliza kama mahindi yakilowekwa humo ndege akila atakufa upesi. Neema akakataa kuwauzia, nao wakatoka wakicheka kwamba dukani kwingine watapata, na kesho wanakula bata. Alitaka kunieleza hayo yote. Nilimpa nafasi ya sentensi moja.

Kesho yake nilikwenda mjini kwenye mambo ya mafao, maana kustaafu kulikuwa karibu. Asubuhi iliyofuata ndipo niliposhuka kidimbwini. Nikaingia kwenye matete, nikasimama kama nilivyofundishwa, nikasubiri vyura waanze. Sikukohoa, sikukuna sikio. Jua likapanda. Hawakuanza.

Nikakanyaga mashina ya mafunjo mpaka ukingoni. Sitawasimulia sana. Mtu akiona uwanja wa harusi baada ya upepo kung'oa maturubai anaweza kupata picha. Walikuwa wametapakaa juu ya maji na kwenye matope, tumbo juu, na zile mbawa fupi zisizo na manyoya zimenyooshwa. Walijaribu kuruka. Yangeyange na mnandi nao walikuwamo, maana sumu haichagui. Na pembezoni palikuwa na alama za magunia yaliyoburutwa. Wengi walikuwa wamechukuliwa.

Hapo ndipo akili iliponirudi. Bata wamechukuliwa ili waliwe, na wanaokwenda kuliwa wana sumu ndani. Nikampigia Mama Aikande, naye hakunilaumu, alisema tu tafuta gari la matangazo, mimi naita polisi na watu wa afya. Bodaboda mmoja pale barabarani alikumbuka vijana wenye magunia yenye manyoya, walielekea Sombetini.

Nilizunguka Sombetini juu ya gari la matangazo, kipaza sauti mkononi, mimi mtu niliyekuwa nasali alfajiri ili nisionekane. Na nililazimika kusema nini? Tafuteni maneno mengine, mimi sikuyapata. Nilisema:

"Jamani, msile bata! Nawaomba, leo msile bata!"

Mtaa mzima uliangua kicheko. Watu walitoka madukani. Mafundi waliacha baiskeli. Kijana mmoja akapaza sauti kwamba mzee, mwisho wa mwezi huu, tusipokula bata tufanye nini, na wengine wakaanza kucheza mbele ya gari kana kwamba nimeweka muziki. Simu zote juu. "Bwana Bata! Bwana Bata!" Kadiri nilivyopaza sauti ndivyo walivyozidi kucheka, na mimi nilijua kwamba humo kwenye vichochoro kuna sufuria liko jikoni linachemka. Nililia. Nilisema msile bata huku nalia, na hata kulia kwangu kuliwachekesha.

Neema alitoka dukani akiwa na koti lake jeupe la kazi. Akapanda kwenye gari, akachukua kipaza sauti mkononi mwangu bila kunitazama.

"Mimi ndiye wa ile video," akasema. "Siku ile mzee alikosea. Leo hajakosea. Ni bata ndege, wenye manyoya, wamelishwa sumu pale ziwani. Aliyenunua nyama ya ndege jana au leo asiile, na aliyekula aende hospitali sasa hivi."

Kicheko kilikatika. Mama mmoja aliyekuwa anacheza aliacha kanga ianguke, akakimbia kuelekea kwake. Watu kadhaa walikuwa wameshakula, wakapelekwa hospitali, na kwa rehema za Mungu wote walirudi nyumbani, ingawa fundi pikipiki mmoja alilala huko muda mrefu na mpaka leo mikono yake inatetemeka akishika spana. Tukikutana ananisalimia vizuri. Ingekuwa afadhali anitukane.

Bata wa mluzi hawakuja kupukutisha manyoya pale mwaka uliofuata, wala uliofuata huo. Vyura wamerudi. Nikienda nikasimama wananisahau upesi, kwa kuwa sasa ni mzee na sitikisiki sana. Nasikiliza juu, nasikia pikipiki.

Baada ya mambo yale nilikata isale jingine. Safari hii nililibeba kutoka nyumbani mpaka Kaloleni, nikapita nalo kijiweni mchana kweupe, na kwa habari yenu hakuna hata mmoja aliyetoa simu. Mama yake Neema alilipokea, akaniwekea kiti, akanipa pilau. Nilikula yote. Kitenge kile kilikuwa kimeanikwa uani, na tope lilikuwa limetoka siku nyingi.

Wakati wa kuondoka Neema alinisindikiza mpaka nje. Nikamwomba radhi kwa ile simu. Nilitegemea aniambie yameisha, mzee. Badala yake akasema:

"Mzee, na mimi niliona aibu. Nilijua ukisikia ni mimi utakumbuka yale, na watu dukani walikuwa wananisikiliza. Nilikaa na simu mkononi, nikawaza wewe ulivyomkalisha mama. Halafu nikapiga."

Kwa hiyo wanangu, jina la siku yenu msilibadilishe. Nendeni mkale bata, chukueni darubini na pilau, chekeni. Mmeniomba niwe mgeni rasmi na nitakuja, na mkinipigia mluzi mlangoni nitaitikia. Ila namba yangu ya simu bado ni ileile ya kwenye kibao, sijaibadilisha na sitaizima tena, na mwenzenu yeyote akisikia jambo la ndege hata la kijinga kiasi gani anipigie. Neema alikuwa na sababu zote za kutonipigia, na aibu kubwa kuliko yangu, lakini alipiga. Mara mbili. Mimi ndiye niliyekata.